Koplo, Mita na Hati ya Mashtaka

Hadi mwanzoni mwa karne hii, mtu aliyefikishwa kortini Nakuru, Naivasha au Molo kwa tuhuma za kuiba stima alijua atakutana na nani. Alikuwapo hakimu. Alikuwapo karani, ambaye ndiye aliyekuwa mkalimani. Alikuwapo mfanyakazi wa kampuni ya umeme aliyekuja na mita. Na upande wa mashtaka alisimama polisi: inspekta, kama kituo kilikuwa na mainspekta wa kutosha, kama hakikuwa nao, sajini au koplo, mtu wa korti wa miaka mingi aliyejua vifungu kwa kichwa kama konda anavyojua stendi. Mahakimu walimzoea. Ni wachache waliowahi kumuuliza barua yake ya uteuzi.

Mwaka 2003 swali hilo liliulizwa kwa sauti. Katika rufaa ambayo mawakili wa Kenya huitaja kwa neno moja tu, Elirema, Mahakama ya Rufaa ilifungua kifungu cha 85(2) cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai na kukisoma kama kilivyoandikwa. Mwanasheria Mkuu aliweza kumteua wakili au mtumishi yeyote wa umma kuwa mwendesha mashtaka, ila si polisi wa cheo cha chini ya inspekta msaidizi. Sajini yuko chini ya hapo, na koplo yuko chini zaidi. Basi kesi waliyoiendesha ilikuwa batili, ushahidi uwe mzito kiasi gani. Shauri lenyewe halikuhusu stima hata kidogo, lakini kwa miaka kadhaa iliyofuata wafungwa wa makosa ya kila aina walizirudia kumbukumbu za kesi zao kutafuta kitu kimoja kando ya jina la aliyewashtaki: cheo chake.

Wengi waliuona uamuzi huo kuwa mchezo wa mawakili. Mwizi ni mwizi, ashtakiwe na koplo au na jenerali. Kwa ng'ombe aliyeibwa Njoro hoja hiyo ina uzito wake, kwa maana ng'ombe yupo, ana chapa, na mwenyewe anamtambua. Stima haina chapa. Ikishatumika imekwisha, kinachobaki ni kipande cha waya, mita na maneno ya kampuni. Na kampuni hiyo hiyo ndiyo mlalamikaji, ndiyo iliyofanya ukaguzi, ndiyo iliyoipima mita katika maabara yake, na ndiyo iliyopiga hesabu ya hasara. Katika kesi ya namna hiyo, kitu pekee kisichotoka mkononi mwa kampuni ni utaratibu wa korti. Ndiyo sababu historia ya kesi za stima, hapa na kwingineko, kwa sehemu kubwa ni historia ya makosa ya utaratibu.

Swali la kwanza halikuwa hata la nani ashtaki. Lilikuwa kama kuna kitu kilichoibwa. Ujerumani, mwishoni mwa karne ya 19, mahakama ya juu kabisa ya dola ilikataa kuuita umeme kitu. Sheria ya wizi ilizungumzia vitu vinavyohamishika, na majaji hawakuona kitu. Bunge likalazimika kutunga sheria maalumu mwezi Aprili 1900. Uholanzi ilikwenda njia nyingine. Daktari mmoja wa meno wa The Hague aliizuia mita isizunguke, kisha akajitetea kwamba umeme haushikiki, hivyo hauibiki. Tarehe 23 Mei 1921 majaji wa Hoge Raad walimkatalia: umeme huzalishwa, huhamishwa, una thamani, na aliye nao anaweza kunyang'anywa. Waingereza hawakujisumbua na falsafa. Sheria yao ya taa za umeme ya mwaka 1882 ilitamka tu kwamba anayechota umeme kwa hila ahesabiwe mwizi, na sheria ya wizi ya 1916 ikarudia. Hata hivyo, mwaka 1975 mtu aliyevamia jengo na kupiga simu humo aliponyoka shtaka la kuvunja na kuiba, kwa sababu umeme wa simu, majaji wa London walisema, si mali inayoweza kuibwa. Kulikuwa na kosa la pekee la umeme. Waliomshtaki walichagua lisilo lake.

Kenya ilirithi mambo haya kwa kupitia Bombay. Kuanzia 1897 Himaya ya Afrika Mashariki iliendeshwa kwa sheria za jinai za India, mpaka Kanuni ya Adhabu ilipoanza kutumika mwaka 1930. Kanuni hiyo inasema kinachoweza kuibwa ni kitu kinachohamishika, halafu, kwa kujua kasoro yake, ina kifungu cha pembeni, leo ni cha 293, juu ya anayejichukulia kwa hila nguvu za mashine, mwanga au umeme wa mwingine. Mwendesha mashtaka aliyezoea kuandika wizi wa kawaida chini ya kifungu cha 275 alikuwa na mtego miguuni pake tangu siku ya kwanza.

Wahindi wenyewe walitoa mfano ulio wazi kuliko wote. Sheria yao ya Umeme ya 1910 ilisema, katika kifungu cha 39, kwamba anayechota umeme kwa udanganyifu ahesabiwe ameiba, na kuwepo kwa kifaa cha kuuchotea ni ushahidi wa kuanzia. Kifungu cha 50 kikaongeza sharti dogo: kesi ya kosa dhidi ya sheria hiyo haiwezi kufunguliwa ila kwa kutakiwa na serikali, na mkaguzi wa umeme, au na aliyedhulumiwa. Mwaka 1964 rufaa kutoka Punjab ilifika Mahakama ya Juu ya India. Mshtakiwa hakushinda kwa kuthibitisha kwamba hakuiba. Alishinda kwa sababu aliyeianzisha kesi hakuwa miongoni mwa hao watatu. Ni miaka 39 kabla ya Elirema, na hoja ni ileile.

Nakuru ilikuwa mahali pazuri pa kuona sheria hizi zikijaribiwa, kwa maana nyaya zilipita hapa mapema. East African Power and Lighting iliundwa mwaka 1922 kwa kuunganisha kampuni za Mombasa na Nairobi. Mwaka 1954 ikaanzishwa Kenya Power Company ili ijenge laini ya kuleta umeme wa Owen Falls kutoka Tororo, Uganda, hadi Nairobi, na laini hiyo ilishuka Bonde la Ufa kupitia Lessos, Lanet na Naivasha. Mwaka 1981 mtambo wa kwanza wa mvuke, wa megawati 15, ukaanza kuzalisha Olkaria. Eneo likawa linawapa wengine stima huku nyumba nyingi zilizokuwa chini ya nyaya zikiendelea na koroboi na tochi. Kiwanda cha betri cha Eveready, kilichofungwa mjini Nakuru mwaka 2014, hakikuwa mbali na wateja wake.

Pengo hilo ndilo lililojaza korti. Kuunganishiwa stima kihalali kuligharimu shilingi 35,000 kabla ya serikali kushusha ada hadi 15,000 mwaka 2015, na mradi wa mitaa ya mabanda uliosaidiwa na Benki ya Dunia uliwaunganisha watu kwa shilingi 1,160. Kabla ya hapo, mwenye kinyozi au mama wa chipsi aliyehitaji stima leo, si mwaka ujao, alimpata kijana wa mtaa mwenye ngazi na koleo. Kwa upande mwingine walikuwapo wenye vinu vya posho na karakana za kuchomelea vyuma ambao walikuwa na mita halali na waya wa pili usiopita kwenye mita. Kundi la kwanza lilikamatwa kwa wingi kwa sababu waya wao ulionekana barabarani. Kundi la pili lilikuwa na pesa za wakili, na mawakili ndio walioanza kusoma hati za mashtaka neno kwa neno.

Hati ya mashtaka ya wizi wa stima ni karatasi ngumu kuandika. Sheria za umeme, tangu zile za Waingereza, hukusanya vitendo kadhaa katika sentensi moja ndefu: kuchota, kuelekeza kwingine, kutumia, kuharibu mita. Polisi mwenye haraka huvinakili vyote katika shtaka moja. Kifungu cha 135 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai kinataka kila kosa liwe na shtaka lake, na mshtakiwa asiyejua kama anajibu la kuchota au la kuchezea mita hawezi kujitetea ipasavyo. Tarehe nazo zina shida yake. Kampuni inajua siku iliyoukuta waya, haijui siku uliofungwa, kwa hiyo hati husema "kati ya" mwezi huu na ule, na hasara hupigwa kwa miezi hiyo yote. Halafu sheria yenyewe imehama mara tatu katika muda mfupi: Sheria ya Nguvu za Umeme ya 1997, Sheria ya Kawi ya 2006, kisha Sheria ya Kawi ya 2019. Kifungu kilicho sahihi leo hakimfai mtu aliyeunganisha waya wake chini ya sheria iliyotangulia.

Si kila kosa la karatasi linaiua kesi, na mawakili wanaojifanya hawalijui hilo huwapotezea wateja wao pesa. Kifungu cha 382 cha sheria hiyo ya mwenendo kinasema kosa la hati au la mwenendo halibatilishi hukumu kama halikuzuia haki kutendeka. Namba ya mita iliyokosewa tarakimu moja, jina la mtaa lililoandikwa Kaptembwa badala ya Kaptembwo, haya hurekebishwa, na kifungu cha 214 kinaruhusu hati ibadilishwe kesi ikiendelea, mradi mshtakiwa asomewe upya na aulizwe kama anataka mashahidi warudi. Mara nyingi mahakama ya rufaa humwona mtu amedhulumiwa pale ambapo hati ilibadilishwa na hakuna aliyemuuliza chochote.

Kisha kuna lugha. Hakimu huandika Kiingereza, karani hutafsiri Kiswahili, na mshtakiwa pengine anawaza kwa Kikuyu, Kikalenjin, Kiluo au Kiturkana. Anasomewa shtaka la kuchota nguvu za umeme kwa hila. Anajibu, "Ni kweli." Lakini ni kweli kipi? Kwamba nyumbani kwake kulikuwa na stima? Kwamba waya ulikuwapo? Kwamba alijua haukupitia kwenye mita? Mwaka 1942, katika rufaa kutoka Uganda, Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki ilisema kila kiungo cha kosa kielezwe kwa mshtakiwa, naye akubali au akane kimoja kimoja. Mwaka 1973, katika shauri liitwalo Adan, mahakama hiyo ikapanga hatua zenyewe: shtaka lielezwe kwa lugha anayoielewa, maneno yake yaandikwe kama alivyoyatamka, mwendesha mashtaka asimulie mambo yalivyotokea, mshtakiwa apewe nafasi ya kuyapinga, na akiyapinga au akieleza jambo linalomtoa hatiani iandikwe kwamba amekana. Hatua hizo zinasimama hadi leo. Mtu anayesema "Ni kweli, lakini mwenye ploti ndiye aliyefunga" amekana shtaka, na hakimu akiandika nusu ya kwanza tu ameiharibu hukumu yake.

Huyo mwenye ploti anastahili kusimama hapa kidogo. Katika mitaa ya Nakuru kama Rhonda, Kaptembwo, Kivumbini na Free Area, nyumba nyingi za kupanga ni safu za chumba kimoja kimoja zinazotazamana uani. Mita inaweza kuwa moja, kwa jina la mwenye ploti anayeishi kwingine, na kodi ikajumuisha stima. Wakaguzi wanafika saa nne asubuhi, mlinzi anafungua geti, waya wa pembeni unaonekana, na anayekamatwa ni aliyekuwapo: mlinzi, mpangaji aliye likizo, mke wa mpangaji aliye kazini. Sheria inataka mtu aliyechota, au aliyetumia akijua. Mpangaji anayelipa kodi ya pamoja ana jibu zuri kwa neno "akijua", na mlinzi hajatumia hata uniti moja. Mwenye mita, ambaye jina lake liko kwenye akaunti, hakuwapo. Kesi ya namna hii hufa kwa sababu wapelelezi hawakwenda kumtafuta mtu mmoja mwenye anwani inayojulikana.

Nayo mita huwa na safari yake. Ya zamani ilikuwa na kisahani cha alumini kilichozunguka nyuma ya kioo, chenye alama ukingoni ili mizunguko ihesabike, na kifuniko chake kilifungwa kwa waya mwembamba na lakiri ya risasi iliyobanwa kwa koleo lenye nembo. Lakiri iliyokatwa ndiyo iliyokuwa ushahidi mkuu. Lakini nani aliiona ikiwa imekatwa kabla mita haijang'olewa ukutani? Kama hakuna picha, hakuna orodha iliyotiwa sahihi na mwenye nyumba, na mita ilikaa siku kadhaa ofisini kabla ya kupelekwa kupimwa, basi wakili ana swali moja tu la kuuliza, na analiuliza polepole: lakiri hii ilikatwa wapi?

Aliyeipima mita sharti aje mwenyewe. Kifungu cha 77 cha Sheria ya Ushahidi kinaruhusu ripoti ya mtaalamu ipokelewe bila yeye kufika, lakini kinawataja watu maalumu: mkemia wa serikali, daktari, mtaalamu wa silaha, mchunguzi wa hati, mwanajiolojia. Mpimaji wa mita wa kampuni ya umeme hayumo. Akihamishwa au akiacha kazi, ripoti yake inabaki karatasi. Mahakimu nao huhamishwa. Hakimu mpya anayeipokea kesi katikati anabanwa na kifungu cha 200 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai: amwambie mshtakiwa kwamba ana haki ya kutaka mashahidi waitwe tena, na jambo hilo lionekane kwenye kumbukumbu. Sentensi moja tu, na kukosekana kwake kumefuta hukumu nyingi.

Hukumu ikifutwa, upande wa mashtaka huomba kesi isikilizwe upya. Hapo hukutana na uamuzi wa mwaka 1966 wa mahakama ileile ya Afrika Mashariki, ujulikanao kama Fatehali Manji: kesi hurudiwa pale ambapo ya kwanza ilikuwa na kasoro ya kisheria, wala hairudiwi ili kuwapa waendesha mashtaka nafasi ya kuziba mapengo ya ushahidi wao. Kesi ya koplo ingeweza kurudiwa. Kesi ya mita isiyo na picha, hapana.

Mageuzi makubwa ya karne hii yalipata msukumo kutoka Bonde la Ufa lenyewe, na kutoka mahali ambapo mama wa chipsi asingepatazamia. Mwaka 2008, katika shauri la mauaji lililomkabili Tom Cholmondeley, wa ukoo wa Lord Delamere, kuhusu tukio la mwaka 2006 katika ranchi ya Soysambu karibu na Elementaita, Mahakama ya Rufaa ilisema upande wa mashtaka lazima umpe mshtakiwa mapema maelezo ya mashahidi na vielelezo vyote vinavyohusika, na kwamba mshtakiwa hana wajibu kama huo kwao. Miaka miwili baadaye Katiba ya 2010 iliiandika haki hiyo katika ibara ya 50. Sheria iliyopiganiwa kwa pesa za mwenye ranchi inamfaa leo mwenye kinu cha posho: anaweza kudai ripoti ya maabara na hesabu ya hasara kabla shahidi wa kwanza hajala kiapo. Katiba hiyo hiyo, kwa ibara ya 157, ilimwondolea Mwanasheria Mkuu kazi ya kushtaki na kumpa Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, ambaye alianza kuwaondoa polisi na kuweka mawakili wa serikali. Koplo alirudi kituoni.

Mita za tokeni zimeleta karatasi nyingine. Mteja anaingiza tarakimu 20, na kila ununuzi unabaki kwenye kompyuta za kampuni. Nyumba yenye friji na heta ambayo haijanunua tokeni kwa miezi inajishtaki yenyewe, au ndivyo kampuni inavyodhani. Kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi kinataka rekodi ya kompyuta iambatane na cheti kilichosainiwa na mtu mwenye dhamana juu ya mtambo ulioitoa. Karatasi zilizochapishwa na kuletwa na mkaguzi wa mitaani hazitoshi. Kwa kampuni ambayo ripoti yake ya mwaka wa fedha 2023/24 ilionyesha takriban asilimia 23 ya umeme iliyonunua ikipotea, sehemu njiani na sehemu mikononi mwa watu, cheti cha ukurasa mmoja ni gharama ndogo. Ila lazima mtu akumbuke kukiandika.

Zipo pia kesi zisizofika mwisho. Mteja anaonyeshwa bili ya stima inayodaiwa kuibwa, anakubali kuilipa kwa mafungu, na upande wa mashtaka unaomba kuiondoa kesi. Wenye haraka hawaulizi inaondolewa kwa kifungu kipi. Ikiondolewa kwa cha 87(a) cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai kabla ya mshtakiwa kujitetea, anaachiliwa tu, na anaweza kushtakiwa tena kwa jambo lile lile hata baada ya kulipa. Ikiondolewa na mlalamikaji kwa cha 204, amefutiwa mashtaka kabisa. Wakili anayejua kazi yake husimama na kuomba cha 204 kabla mteja hajatoa senti ya kwanza.